Umerudi Mji Mkongwe? Usianze na saruji

Sisi tunaorudi Zanzibar baada ya miaka ughaibuni tuna haraka moja: kuiona nyumba ya wazee inang'ara kabla likizo haijaisha. Ukuta unapigwa lipu ya saruji, unapakwa rangi ya mafuta, picha zinatumwa kwa jamaa. Masika mawili tu, rangi inafura, chumvi inachipuka kama unga na lipu inaanguka mapande.

Ukuta ule ni mawe ya matumbawe yaliyoshikwa kwa chokaa na udongo, mara nyingi unene wa nusu mita na zaidi. Hunywa maji ya ardhini na ya mvua, kisha huyatoa taratibu kupitia chokaa. Saruji huyazibia njia, na maji hupanda juu mpaka kwenye vichwa vya boriti, yale magogo yanayobeba sakafu, vilivyozama ukutani. Boriti ya mkoko ni ngumu kweli, ila kichwa kikikaa majimaji huoza kwa ndani, na katikati ukiigonga unaisikia nzima. Sakafu hushuka hivyo.

Kwa hiyo bandueni saruji kwanza, kwa patasi na nyundo ndogo, mawe yasitikisike. Uacheni ukuta ukauke kwa miezi, hata kama tiketi ya kurudi imeshakatwa. Chokaa ilowekwe shimoni wiki kadhaa. Ikikaa zaidi inalainika zaidi. Kipimo cha kawaida ni chokaa 1 kwa mchanga 3, na mchanga wa pwani usiguswe, una chumvi. Tabaka zisizidi sentimita 1 hivi, kisha zifunikwe kwa magunia mabichi, kwani zikikaushwa na jua la kaskazi zinapasuka. Juu pakeni chokaa, si rangi ya mafuta. Na kabla ya yote, kibali cha Mamlaka ya Hifadhi na Uendelezaji wa Mji Mkongwe.

Msitanue vyumba. Ule wembamba wa mita 3 hivi umetokana na urefu wa boriti, na ndio uliopanga kitanda kikae wapi na wageni wapite wapi. Madaka, vile vishubaka vya ukutani, nayo yasizibwe.

Kinachoniuma zaidi ni baraza, lile benchi la mawe la nje mbele ya nyumba. Linavunjwa ili duka lisogee mbele, na pale pale ndipo jirani alipokuwa akikaa, akapewa kahawa na habari za mtaa, bila ya kuwakatiza waliomo ndani.