Wakulima wa Tolstoy na mama yangu

Kitabu cha kuungama cha Leo Tolstoy, yule mwandishi wa Urusi, nakisoma kwa kukubali kila ukurasa, mpaka anapofika kwa wakulima. Hapo tunagombana.

Mwanzo wake ni mzito. Anakaribia miaka 50, ana jina, mke, watoto, mashamba, na anajiuliza: haya, uwe na farasi 300 kule Samara, halafu? Swali hilo linamkaba mpaka anaficha kamba asije akajinyonga, na anaacha kwenda kuwinda na bunduki. Sayansi na falsafa hazimsaidii. Ndipo anawageukia wakulima: hawa, anasema, wanaugua, wanafiwa, wanakufa, na wanapokea yote bila kunung'unika, kwa sababu wana imani.

Bila kunung'unika! Mimi ni wa Isongole, njia ya Tukuyu, kwenye baridi na viazi. Mama yangu ni Mmoraviani tangu kuzaliwa, mwanakwaya. Alipofiwa na kaka yangu, viazi havikusubiri msiba uishe. Dalali alitaka lumbesa kama kawaida yao, gunia lijae, kisha lishonewe kilemba juu. Mama aliinama akipanga viazi vikubwa pembeni ili kilemba kisibomoke, matope hadi viwikoni, huku akimsemesha Mungu kwa Kinyakyusa, kwa sauti, kama anamdai deni. Ulimchukua wa nini? Ulikosa mwingine? Dalali aliona haya, akajifanya anatafuta simu. Jumapili mama akaenda kuimba.

Nadhani wa namna hiyo Tolstoy alikutana nao sana. Ila watu wale walikuwa mali ya ukoo wake hadi 1861, utumwa wa wakulima ulipofutwa Urusi. Nani atanung'unika mbele ya bwana? Hata sisi bwana shamba akija tunasema mazuri tu.

Simtupi, lakini. Alishika plau, akajifunza kushona viatu, Kanisa la Orthodox likamtenga 1901 naye hakurudi nyuma. Mwaka 1910, mzee wa miaka 82, alitoroka nyumbani usiku, akaugua njiani, akafia katika nyumba ya mkuu wa stesheni ya Astapovo.

Nilimsimulia mama. Alichouliza ni kama mkewe alimwona. Nikamwambia Sofia, aliyemzalia watoto 13 na kunakili miswada yake kwa mkono, alizuiwa mpaka mzee alipopoteza fahamu.

“Huyo mama naye angeandika kitabu.”

Aliandika, nikasema, shajara za miaka mingi.

“Sasa hicho ndicho uniletee. Cha mzee kaa nacho.”