Nilivyomuandika Mary Ann Cotton nikiwa Wete

Kwanza nilitaka iwe hadithi ya Pemba. Naliungama hilo mapema, maana lilinila miezi miwili na kaunta buku zima.

Nasomesha Kiswahili skuli ya sekondari, na hadithi fupi nimeandika nyingi: za ndoa, za karafuu kuibiwa majamvini, za watoto wa kambo. Usiku mmoja umeme umekatika na bando linakaribia kuisha, nikaangukia habari za Mary Ann Cotton, mwanamke wa Kiingereza aliyenyongwa katika jela ya Durham tarehe 24 Machi 1873. Alizaliwa 1832 kwenye vijiji vya wachimba makaa ya mawe. Aliolewa mara nne. Waume watatu wakafa. Katika watoto 13 aliozaa, inasemekana 11 walikufa. Karibu wote waliomfia walikwenda kwa tumbo. Watu huhesabu hadi roho 21 alizoziua kwa sumu, inasemekana kwenye birika la chai, ingawa mahkama ilimtia hatiani kwa moja tu, ya mtoto wake wa kambo, Charles Edward, mwenye miaka 7.

Mtoto wa kambo. Hii yangu, nikajiambia.

Basi nikamvisha kanga, nikampa nyumba ya bati nje kidogo ya mji, sumu nikaitia kwenye uji. Sura mbili za mwanzo nikamsomea shoga yangu ninayesomesha naye. Alisikiliza mpaka mwisho, hakunikatiza, kisha akauliza: "Sasa nani kamroga?"

Nilicheka. Nilipofika nyumbani kicheko kikanitoka. Kwetu mwanamke akizika watoto sita, hakuna anayelitazama birika lake. Atatazamwa mke mwenza, utatazamwa mbuyu ulio nyuma ya nyumba, mwisho ataitwa mganga. Nilikuwa naandika sumu na msomaji anasoma uchawi. Asubuhi shoga yangu akanifuata tena, sauti chini: "Lakini huyu si yule mama wa kule...?" Akataja mtaa. Nikaapa kuwa sivyo. Kisiwa chenyewe hiki kidogo, muuaji wa kubuni hana pa kujificha; lazima watu wambandike uso wa mtu.

Kilichonimaliza hasa ni bima. Mume wake wa mwanzo, William Mowbray, alipokufa Januari 1865, mjane alilipwa pauni 35, karibu mshahara wa kibarua wa nusu mwaka. Na siku aliyokufa yule mtoto, Julai 1872, safari yake ya mwanzo ilikuwa ofisi ya bima, wala si kwa daktari. Huku kwetu maiti ya mtoto italeta nini? Mchele wa majirani na hitima. Muuaji wangu wa Pemba alikuwa anaua bila sababu, na mtu asiye na sababu mimi siwezi kumuandika.

Nikamrudisha kwao.

Sasa ikaja kazi ya kumfikisha msomaji wa Wete huko Durham, kwenye baridi na masizi, bila ya kumchosha. Nililipata jibu kwenye tarehe. Mwaka 1872 ndio mwaka wa kile kimbunga kikubwa, kilichopiga mwezi wa Aprili kikaing'oa mikarafuu ya Unguja, na sisi Pemba tukasalimika kwa sehemu kubwa. Tangu hapo karafuu ikawa ya kwetu. Kila mtu hapa ameisikia habari hiyo kwa mzee wake. Sentensi yangu ya kwanza ikawa: "Mwaka ule upepo ulipoilaza mikarafuu ya Unguja, mwanamke mmoja wa Uingereza alikuwa amebakiwa na mtoto mmoja tu wa kambo." Sijabadilisha hata neno.

Na kipindupindu nacho kilinisaidia, Mungu anisamehe kwa kusema hivyo. Kiliingia Zanzibar 1869, kikaua mpaka 1870, miaka ile ile ambayo Mary Ann alikuwa kazini. Msomaji akishakumbuka watu waliokwenda kwa kutapika na kuharisha ndani ya siku moja, hana haja ya kuelezwa kwa nini madaktari wa kule waliandika "homa ya tumbo" wakatia saini. Arseniki, ndiyo sumu yenyewe, haina harufu wala ladha ya kumshtua mtu, huyeyuka kwenye kinywaji cha moto, na inavyoua ni kama maradhi ambayo kila mtaa uliyajua.

Kuanza nikaanza, lakini nilikosea mara ya pili. Niliandika "mimi" na huyo mimi ni Mary Ann. Yalitoka maneno mazuri, na hapo ndipo nilipoanza kuogopa. Mwanamke huyu hakukiri. Alikana mahkamani, akakana mpaka kitanzini. Kila nilipomtia kinywani "nilimpa" au "nilitia", nilijihisi natoa ushahidi wa uongo juu ya mtu asiyeweza kunijibu. Tena, ubaya zaidi, alianza kunipendeza. Nilikuwa namtafutia visingizio: umasikini, ujane, waume wavivu. Nilipofika kurasa arubaini nikafunga daftari.

Ni shangazi yangu aliyelifungua. Yeye ni muosha. Ameosha maiti za wanawake na watoto tangu mimi sijazaliwa. Alasiri moja nilimkuta barazani kwake anasuka ukili.

"Shikamoo, shangazi."

"Marahaba, mwanangu. Uso huo umeliwa na nini?"

Nikamhadithia yote: Durham, waume, bima, birika. Alinisikiliza huku vidole vinakwenda vyenyewe. Nikamuuliza mtoto aliyekufa kwa kuharisha anaonekanaje anapooshwa.

Akaweka ukili chini. Akanivuta mkono, akaifinya ngozi ya mgongo wa kiganja changu, akaiachia. Ikarudi.

"Yako inarudi," alisema. "Yake inabaki imesimama, kama kitambaa ulichokikunja. Macho yanazama. Vidole vinajikunja kama vya mfuaji nguo."

"Na aliyepewa sumu?"

"Mimi n'tajuaje? Huyu kaharisha na yule kaharisha." Akanyamaza, akaokota uchane uliomponyoka. "Lakini nikiitwa nyumba moja mara ya tatu, naangalia."

"Unaangalia maiti?"

"Namuangalia mama. Aliyefiwa kweli hajui hata sufuria yake iko wapi. Ukimuona anakwambia pamba ile pale, karafuu maiti kwenye kopo lile, maji tayari yashapoa, hapo moyo unanipiga."

Nywele zilinisimama. Kwa sababu Mary Ann alipofiwa na Mowbray alikwenda Sunderland kufanya kazi hospitali, kuuguza wagonjwa, na mmoja wa wagonjwa hao, George Ward, ndiye aliyekuwa mume wa pili. Kafa 1866. Huyu ni mwanamke aliyejua kila kitu kiliko.

"Na ukiona hivyo, shangazi, unamwambia nani?"

Alinitazama kama niliyeuliza jambo la aibu. "Muosha hasemi. Alichokiona kwenye maiti kinazikwa nayo." Akauokota ukili wake, na mazungumzo yakawa ndiyo yamekwisha.

Usiku ule ule nikaanza upya. Anayehadithia akawa jirani, mwanamke wa kubuni wa West Auckland, ndiko alikokuwa akikaa Mary Ann mwishoni. Kazi yake kuosha na kunyoosha maiti. Huko pia ilikuwa kazi ya wanawake wa mtaa. Anaitwa mara ya kwanza, anaitwa mara ya pili. Kila akimaliza anakaribishwa chai, anakunywa, anaisifu. Anaona kila kitu na hasemi. Sikuhitaji tena kuingia kichwani mwa muuaji. Nilihitaji kuingia kichwani mwa shangazi yangu, na huko najua njia.

Kwa hiyo mambo ya kweli nikayaacha kama yalivyo, ya kubuni yote nikamtwika yule jirani. Ndiyo kanuni niliyojiwekea na iliniokoa mara nyingi. Thomas Riley, kwa mfano, alikuwapo kweli. Alikuwa ofisa wa kijiji anayeshughulikia mafukara. Mary Ann alimtaka ampeleke yule mtoto kwenye nyumba ya mafukara, kule ambako maskini walilishwa na kufanyishwa kazi. Riley akasema mtoto haendi peke yake, naye itabidi amfuate. Ndipo akamjibu kwamba mtoto hatamsumbua muda mrefu, atakwenda kama walivyokwenda wengine wa ukoo wa Cotton. Hazikupita siku nyingi Charles Edward akafa. Riley akaenda polisi, akamshika daktari asitoe cheti cha kifo, na bila cheti pesa ya bima haitoki. Uchunguzi wa mwanzo ulisema kifo ni cha kawaida! Bahati daktari alikuwa amehifadhi vilivyotoka tumboni mwa mtoto. Alipovipima akakuta arseniki, na makaburi yakaanza kufukuliwa.

Hapa nilikaa wiki tatu. Ilikuwa rahisi kumfanya jirani yangu ndiye aliyempa Riley fununu, na ingependeza. Lakini Riley alijua mwenyewe, kwa masikio yake. Basi jirani yangu nikamuacha dirishani, anamuona mwanamme wa ofisi akifanya kwa siku moja jambo alilolikalia yeye mwaka mzima. Sura ile ndiyo niipendayo kuliko zote.

Kunguni walinipa raha. Arseniki ilinunuliwa pamoja na sabuni, kwa maelezo kuwa ni ya kuulia kunguni wa vitanda, na hakuna aliyeshangaa. Nilipomsomea shangazi kipande hicho alihamaki. "Kunguni wanataka sumu? Kitanda unakitoa uani, unakimwagia maji ya moto, unakiacha juani. Huyo alikuwa na lake." Na nilipofika kwa wakili aliyemtetea Mary Ann, aliyedai mtoto alivuta sumu ya rangi ya kijani iliyokuwamo kwenye karatasi za ukutani, shangazi alicheka mpaka akashika mbavu. "Ukuta! Kwa hiyo ukuta ndio ulioua." Nilimueleza kuwa rangi hizo kweli zilikuwa na arseniki miaka ile, na dai hilo halikuwa la kipuuzi. Hakutaka kusikia.

Kunyongwa nilikuandika kwa mistari sita. Mnyongaji, William Calcraft, alimuangusha kwa kamba fupi, akafa polepole. Wako waandishi wanaojaza kurasa kumi hapo. Mimi sikuona kuna nini cha kutazama.

Nilipodhani nimemaliza nikamsomea shangazi yote, jioni nne mfululizo baada ya Isha, wanawake wawili wa jirani nao wamekuja na ukili wao. Jioni ya mwisho walinyamaza. Shangazi akauliza: "Ulisema alikuwa na mimba alipokamatwa."

"Ndiyo. Alizalia jela, Januari 1873. Kesi ilingojea ajifungue. Mtoto wa kike."

"Akapelekwa wapi?"

"Alipewa watu wamlee."

"Na hiyo umeiandika?"

Sikuwa nimeiandika. Niliipita kwa sentensi moja, kwa kuwa jirani yangu hakuwako jela. Shangazi alikunja ukili wake, akafunga kwa uzi. "Umemuosha kila aliyekufa," alisema, "aliye hai umemuacha na uchafu wake."

Sura hiyo ilinichukua mwezi wa Ramadhani wote, baada ya daku kabla sijalala. Jirani yangu anatembea hadi Durham kwa miguu kumuona mtoto akitolewa, anasimama upande wa pili wa njia. Hakaribii. Hana cha kusema, na kama anacho, hajazoea.

Niliichapa kwenye duka la stesheneri, nikatoa fotokopi nne. Shangazi hajataka nakala. Anasema yeye keshaisikia, na yule jirani anamuudhi. Sijamuuliza kwa nini. Nakala mbili zinazunguka mjini, ya tatu imefika Mkoani kwa mtu nisiyemjua. Ya nne imerudi wiki iliyopita, ikiwa na duara la kikombe cha chai kwenye ukurasa wa tisa, pale jirani anapokaribishwa mara ya kwanza. Aliyekuwa nayo aliniambia kwa haraka, kabla sijamuuliza chochote, kuwa chai ile hakuimaliza.