Kontena tupu nalo lina bili yake

Naagiza vigae kutoka Foshan, China, na navileta kwa kontena la futi 20, maana vigae ni vizito na la futi 40 ungelipia nafasi isiyojaa. Wenzangu wa Kariakoo hulalamikia zaidi kodi ya TRA. Mimi kodi naipangia mapema. Dimareji ndiyo hula faida yote.

Bili za kuchelewa ni mbili na hazijuani. Bandari, au bandari kavu, inatoza uhifadhi kwa kuwa mzigo umekalia yadi yake. Kampuni ya meli inatoza dimareji kwa kuwa umeshikilia kontena lake: kila siku, na kiwango hupanda kadiri unavyokawia. Jumapili inahesabiwa, hata Idi.

Siku za bure, zile ambazo dimareji bado haihesabiwi, naziomba kabla muuzaji hajakata nafasi melini, wakati bado wanagombania wateja. Nikipewa 21 badala ya 14, nataka ziandikwe kwenye hati ya shehena, WhatsApp hainisaidii. Salio la muuzaji nalimaliza meli ikiwa baharini ili afanye telexi rilizi, yaani aiambie kampuni ya meli inipe mzigo bila hati halisi, nisikae kungoja hati hiyo isafirishwe kama kifurushi. Wakala wangu naye huingiza kadhia, yaani tamko la mzigo, forodhani kabla meli haijatia nanga.

Kazi ikabaki kwenye kontena tupu. Kwa kampuni ninayotumia, hesabu haikomi mzigo ukitoka getini, inakoma kontena likipokelewa kwenye yadi waliyoitaja. Safari moja dereva alifika jioni akakuta foleni ya matrela, mlinzi anasema kumejaa, rudi kesho kutwa. Nikamwambia kwa simu, "Usigeuze gari kwanza. Piga picha geti na namba ya kontena, halafu muombe karani aandike kwamba yadi imejaa." Karani akagoma kuandika, ila aligonga muhuri wa tarehe nyuma ya karatasi ya kurudishia. Usiku ule ule nikaiandikia kampuni barua pepe, naomba yadi nyingine.

Bili ilikuja na siku zile ndani yake. Sikuomba punguzo, niliambatisha picha, muhuri na barua pepe, nikataka siku hizo zifutwe. Zilifutwa, baada ya simu nyingi. Kwenye amana ya kontena, ile pesa ya dhamana niliyowaachia, walikata ada ya kuliosha, na hiyo sikubishana nayo: vumbi la vigae lilikuwemo kweli.