Mfano wangu wa kituo cha umeme wa maji cha Vulcan Street: balbu imewaka, ikaungua

Jumamosi. Gurudumu limezunguka bila kukwama tangu saa mbili asubuhi. Ni rimu ya baiskeli niliyoifunga vikombe vya plastiki, maji yanatoka kwenye simtanki kwa mpira, na mkanda unazungusha mota ndogo ya printa mbovu, ambayo ndiyo dainamo yangu, yaani mashine ya kuzalisha umeme. Balbu ya tochi imewaka, nyekundu kidogo, lakini imewaka!

Kituo chenyewe kilikuwa Appleton, Wisconsin, Marekani. Tarehe 30 Septemba 1882 maji ya Mto Fox yalizungusha dainamo ya mvumbuzi Thomas Edison ya kilowati 12.5 hivi, taa zikawaka kwenye viwanda vya karatasi na nyumbani kwa mwenye mradi, H. J. Rogers. Siku tatu kabla walijaribu wakashindwa. Mwezi huohuo Edison alikuwa ameshawasha taa New York, ila kwa mvuke wa makaa ya mawe.

Jumapili. Leo nimejaribu kile kilichonifanya nianze kazi hii. Pale Appleton, mwanzoni gurudumu lililozungusha dainamo ndilo lililoendesha pia mashine za kuponda rojo la karatasi. Kwa hiyo nimeongeza mkanda wa pili, nikaunganisha pangaboi la mbao ndani ya ndoo yenye magazeti yaliyoloweshwa. Rojo likiwa zito, gurudumu lilichoka na balbu ikafifia hadi nikaona uzi wake tu. Nilipoinua pangaboi ghafla, gurudumu likaenda kasi, balbu ikawa nyeupe kwa nukta moja, kisha giza. Kioo kimebaki na doa jeusi ndani.

Sasa nimewaelewa wale wahudumu wa Appleton. Hawakuwa na kipima volti. Walikuwa wakiangalia taa kwa macho na kukisia kama umeme umezidi au umepungua. Nyaya zao zilikuwa shaba tupu, zisizovikwa chochote. Mimi nina mita mkononi na bado nimechelewa kufunga maji. Kukaa zamu usiku kucha kwa namna hiyo kulihitaji macho makali na moyo mgumu.

Baadaye waliipa dainamo gurudumu lake peke yake. Nami nimeshapata rimu ya pili, inchi 20. Spoku mbili zimevunjika, ila beringi zake ni nzima. Jumamosi ijayo naikatia vikombe.