Madam, na pembe ikiwa kubwa?

Swali lilikuja kipindi cha mwisho cha mchana, saa ambayo mwalimu na mwanafunzi wote wanasikilizia kengele. Nilikuwa nimeandika ubaoni kanuni ya pendulumu, yaani jiwe linalobembea kwenye uzi, T = 2π√(L/g) (T ni muda wa kwenda na kurudi, L urefu wa uzi, g mvutano wa dunia), na kama kawaida nikaongeza yale maneno ambayo walimu wa Fizikia tunayasema kama kiitikio: "kwa pembe ndogo." Kijana mmoja wa dawati la nyuma, si wale wa kuuliza-uliza, akanyoosha mkono.

"Madam, na pembe ikiwa kubwa?"

Nikamjibu: "Haiko kwenye mtihani."

Darasa likacheka, kengele ikalia, nikakusanya chaki zangu. Lakini njia nzima ya kurudi nyumbani nilijisikia vibaya, maana ukweli ni kwamba sikuwa na jibu. Chuoni tuliambiwa kwamba pembe ikishakuwa kubwa, mlinganyo ule haufunguki kwa hesabu za kawaida, na mhadhiri akafungua ukurasa mwingine. Miaka 17 nimefundisha nikifungua ukurasa mwingine na mimi.

Jioni nikampigia mdogo wangu aliyeko Dar, ambaye kazi yake ni kompyuta. Akacheka. "Dada, si uikokotoe hatua kwa hatua? Kompyuta haiulizi kama mlinganyo una jibu zuri au hauna." Wiki iliyofuata akanitumia kwa basi kompyuta mpakato yake ya zamani, betri imekufa, inawaka ikiwa imechomekwa ukutani tu. Kwa hapa Njombe msimu wa mvua, hiyo maana yake ni kwamba kila umeme ukikatika nami nimekatika. Nilijifunza kuhifadhi kazi kila baada ya mistari mitatu kabla sijajifunza kitu kingine chochote.

Wazo lenyewe ni jepesi mno, hata nikashangaa kwa nini hakuna aliyewahi kunieleza. Ukijua kitu kiko wapi sasa hivi na kinakwenda kwa kasi gani, unaweza kusema baada ya muda mfupi sana kitakuwa wapi. Kikifika hapo, unaangalia tena kani inayokivuta, unarekebisha kasi, unapiga hatua nyingine. Ni kutembea usiku kwa tochi ya simu: mwisho wa njia huuoni, unaona hatua mbili mbele, unazipiga, unamulika tena. Leonhard Euler aliiandika njia hii katika kitabu kilichotoka mwaka 1768, wakati ambapo macho yake mwenyewe yalikuwa karibu yamezimika.

Mdogo wangu alinipa sharti moja tu: nisianze na pendulumu. "Anza na swali ambalo jibu lake unalo, dada, ili ikikudanganya ujue." Nikachagua kigari cha gramu 200 kilichofungwa kwenye springi ya newtoni 5 kwa mita, juu ya meza isiyo na msuguano. Meza ya namna hiyo sijawahi kuiona maishani, ila kwenye mitihani imejaa tele. Unakivuta kigari sentimita 10, unakiachia. Kinapaswa kwenda na kurudi kila baada ya sekunde 1.26 hivi, sentimita 10 huku, sentimita 10 kule, milele.

Nikaandika programu yangu ya kwanza kwa Python, lugha ya kuandikia programu. Kiini chake mistari miwili (x ni mahali kigari kilipo, v ni kasi yake, k ni ugumu wa springi, m ni masi ya kigari, na x_zamani ni x ya kabla ya hatua):

x = x + v*dt
v = v - (k/m)*x_zamani*dt

Hatua ya muda, dt, nikaiweka sekunde 0.01. Nikaiendesha kwa sekunde 10 za kigari. Grafu ikatoka nzuri, mawimbi laini kabisa, ila yanazidi kunenepa. Kigari kilichoanza na sentimita 10 kilikuwa kinayumba karibu sentimita 35.

Nikajua nimekosea mahali. Nikatafuta kosa siku nzima, kisha wiki, kisha wiki ya pili. Nikabadilisha alama za kujumlisha na kutoa. Nikahesabu mabano. Nikapunguza dt mpaka 0.001, na hapo nikafurahi, maana baada ya sekunde 10 kilifika sentimita 11.3 tu. Nikajiambia ndiyo hiyo. Nikakiacha kiende dakika nzima: sentimita 21. Ugonjwa ulikuwa uleule, nimeuchelewesha tu.

(Katikati ya hayo nikapata kosa jingine ambalo halikuhusiana. Nilitaka programu ifanye hatua 10 za sekunde 0.1 na isimame ikifika 1, ikafanya 11. Kumbe ukijumlisha 0.1 mara kumi kwenye kompyuta hupati 1, unapata 0.9999999999999999, kwa sababu 0.1 kwa namba za sifuri na moja haina mwisho, kama vile theluthi isivyo na mwisho kwenye desimali zetu. Nilicheka, mpaka niliposoma kwamba kosa la ukoo huohuo ndilo lililofanya mtambo wa makombora ya Patriot kule Dhahran, Saudi Arabia, ukose shabaha tarehe 25 Februari 1991. Saa ya mtambo ilihesabu kwa sehemu za kumi za sekunde. Baada ya saa 100 bila kuzimwa ilikuwa imepotea sekunde 0.34 hivi. Kombora la adui likapita, wakafa wanajeshi 28. Tangu hapo nahesabu hatua kwa namba kamili, moja, mbili, tatu, wala siulizi saa imefika ngapi.)

Nikaamua kumtafuta mchawi kwa njia nyingine. Kama kompyuta ndiyo yenye hila, basi watu wafanye hesabu ileile kwa mkono tuone. Nina darasa la Kidato cha Tano, mchepuo wa PCM (Fizikia, Kemia na Hisabati), safu nne za madawati, watu 12 kila safu. Nikawafanya wawe kompyuta. Wa mbele kabisa anapewa karatasi yenye namba mbili, mahali na kasi. Anapiga hatua moja ya sekunde 0.1 kwa kikokotoo chake, anaandika namba mbili mpya, anampa wa nyuma. Karatasi ikifika ukutani, imepita sekunde 1.2 ya kigari, karibu mzunguko mmoja. Jibu sahihi la wakati huo nilikuwa nalo mfukoni: sentimita 9.6.

Walifanya kwa kelele, kama soko la Jumamosi. Safu ya kwanza ikatoa 28.7. Ya pili 28.7. Ya tatu ikakosea desimali, ikarudia, ikatoa 28.7. Moyo ukatulia kidogo, maana kumbe si mimi wala kompyuta. Safu ya nne ikaleta 10.3.

Nikaipitia karatasi yao. Binti wa dawati la mbele, kwa kutaka mambo yaende haraka, alikuwa ameandika juu kabisa: "Kwanza v, halafu x kwa v mpya." Wenzake 11 wakamfuata. Mimi nilikuwa nimesema x na v zote mbili zihesabiwe kwa namba za zamani. Nikachukua kalamu nyekundu, nikapiga mkasi mkubwa, nikaandika: Mmechanganya.

Usiku, umeme umekatika, nimekaa na mshumaa na ile karatasi, ndipo ikanipiga. Safu tatu zilizonitii zimepata 28.7. Safu iliyokosea imepata 10.3. Jibu ni 9.6. Sasa nani amechanganya?

Nikafanya kile ambacho ningefanya wiki mbili nyuma kama nisingekuwa nimetekwa na mabano: nikachukua daftari nikahesabu nishati. Ukichukua njia ya Euler, ukaandika nishati kabla ya hatua na baada ya hatua, maneno ya katikati yanafutana, na kinachobaki ni nishati ileile ikizidishwa kwa 1 + (k/m)dt². Kila hatua. Haijalishi kigari kiko wapi. Kwa hatua zetu za darasani hiyo ni 1.25, na 1.25 ukiizidisha yenyewe mara 12 ni zaidi ya 14 na nusu. Kigari changu kilikuwa kinapewa nishati na hesabu yenyewe. Kupunguza dt kunaifanya namba ile ikaribie 1, lakini daima inabaki juu ya 1, na ndiyo maana ugonjwa haukupona.

Njia ya yule binti haina hiyo namba. Nishati yake inapanda kidogo, inashuka kidogo, inarudi. Kwa dt ya 0.01 inayumba kama asilimia mbili na nusu na haizidi hapo hata ukikiacha kigari kiende saa nzima. Sababu nilikuja kuielewa baadaye, na naielewa kwa chapati. Chukua vianzio vingi kwa pamoja, vigari vingi vyenye mahali na kasi zinazotofautiana kidogo, uvichore kama donge kwenye karatasi ya grafu. Kwa njia ya Euler donge linaumuka kila hatua, kama unga wenye hamira. Kwa njia ya binti, donge linavutwa, linapindwa, linabadilika umbo, lakini eneo lake ni lilelile.

Mistari miwili, na ninachobadilisha ni kipi kitangulie:

v = v - (k/m)*x*dt
x = x + v*dt

Hata kile kijina x_zamani nilichokuwa nimekiweka kwa uangalifu mkubwa hakihitajiki tena. Uangalifu wangu ndio ulioniharibia.

Nikatafuta kama kuna mtu amewahi kuliona jambo hili, na hapo nilicheka peke yangu kwenye giza. Mwaka 1981 Alan Cromer wa Chuo Kikuu cha Northeastern, Boston, alichapisha makala fupi katika American Journal of Physics kuhusu mpangilio huuhuu, na siku hizi vitabu vingi vinaiita njia ya Euler-Cromer. Na Cromer mwenyewe alisema kwamba aliyeigundua ni mwanafunzi wa sekondari. Ukirudi nyuma zaidi, Newton mwaka 1687, alipothibitisha kwamba sayari inafagia maeneo sawa kwa muda sawa, alichora njia ya vipande vilivyonyooka: Jua linakipa kitu msukumo, kasi inabadilika, kisha kitu kinakwenda kwa kasi hiyo mpya. Kwanza v, halafu x.

Asubuhi nilirudisha karatasi ya safu ya nne. Nilifuta "Mmechanganya" kwa mstari mmoja, nikaandika alama 10 kwa 10, nikawaeleza darasa zima kwa nini. Binti aliniangalia kama mtu anayesubiri sehemu ya pili ya mtego.

Baada ya hapo pendulumu ilikuwa kazi ya jioni moja. Unabadilisha kani tu: badala ya pembe yenyewe unaweka sini ya pembe, ile sini ambayo miaka yote tunaifuta kwa kusema "kwa pembe ndogo". Uzi wa mita 1, unauinua mpaka ulale sambamba na ardhi, nyuzi 90, unaachia. Kanuni ya ubaoni inasema sekunde 2.01. Programu ikasema 2.37. Nikagawanya hatua ndogo zaidi, ikabaki 2.37. Siku iliyofuata tukafunga jiwe kwenye boriti ya banda la baiskeli, mwanafunzi mmoja akaachia, mimi nimeshika simu. Mzunguko wa kwanza: 2.4, na kidole changu si chepesi.

Yule kijana wa dawati la nyuma alikuwa ameshamaliza shule. Namba yake niliipata kwa mwenzake. Nikamwandikia: "Pembe ikiwa nyuzi 90, muda unaongezeka kama asilimia 18. Samahani nimechelewa."

Akajibu baada ya siku mbili: "Shikamoo madam. Kwani imeingia kwenye mtihani?"