Kitale hadi Kapenguria, njia ya wakili Pritt

Matatu ya Makutano haikutoka Kitale mpaka ilipojaa. Nilibanwa dirishani na mama aliyempakata kuku kikapuni. "Lodwar?" akaniuliza. Nikamwambia naishia Kapenguria, naenda kuona jela. Akacheka. "Wenzako hukimbia jela, mwanangu."

Nairobi nimepita Dennis Pritt Road miaka nenda miaka rudi bila kujiuliza Pritt ni nani. Kumbe ni wakili Mwingereza aliyekuwa akienda na kurudi kwa njia hii hii, kuanzia Desemba 1952, akiwatetea Mzee Kenyatta na wenzake watano walioshtakiwa kuongoza Mau Mau. Serikali ya kikoloni ilikuwa imeipeleka kesi mbali makusudi. Kapenguria hakukuwa na reli, simu wala hoteli, basi mawakili wakalala Kitale, mji wa masetla, na kila asubuhi wakala vumbi. Leo ni lami, mahindi huku na huku, kisha gari linapanda na baridi inakupiga usoni.

Pritt hakuanza ubishi huku. Chama cha Leba kilimfukuza mwaka 1940 kwa kuwatetea Warusi walipoivamia Finland, lakini mwaka 1945 watu wa Hammersmith Kaskazini walimchagua tena bungeni bila chama.

Jela sasa ni makumbusho. Niliingia kwenye seli moja nikasimama katikati. Ukuta ulikuwa karibu kila upande, na mwanga ulipita juu kwa kubania. Nikawaza kuhusu Kaggia, Kubai, Ngei, Karumba, Oneko. Hakimu Thacker aliwahukumu wote Aprili 1953, miaka saba na kazi ngumu. Shahidi mkuu, Rawson Macharia, alikuja kukiri mwaka 1958 kwamba alisema uongo. Pritt mwenyewe nusura aingie matatani: aliwapigia wabunge wa London simu ya maandishi akilalamika kuwa haki inanyimwa, akashtakiwa kwa kuidharau mahakama. Alishinda.

Hapo ndipo napata taabu naye. Mwaka 1936 alikaa Moscow akisikiliza kesi ya Zinoviev, mwenzake Lenin wa zamani aliyeshtakiwa na serikali ya Stalin, watu wakikiri makosa mmoja baada ya mwingine kabla ya kupigwa risasi, akarudi kwao akaandika kwamba kesi ilikuwa ya haki. Jicho lililoona hila katika chumba cha Kapenguria halikuona chochote kule! Au halikutaka. Nilikaa nje kwenye nyasi nikilifikiria hilo mpaka manyunyu yakanifukuza.

Wakati wa kurudi niliketi mbele. Makanga, kijana wa miaka ishirini hivi, akataka kujua nilichoona. Nikamsimulia kesi, nikafika kwa wakili.

"Dennis Pritt?" akadakia. "Si hiyo ni steji ya Nairobi?"