Siku moja maishani mwangu: mchana nazipiga mota waya upya, usiku nafungua chuo cha sumaku

Saa kumi na moja alfajiri nishaamka, adhana bado, simu mkononi na sura ya saba imekwama palepale. Kwa wageni: mimi ni fundi wa mota hapa Mombasa, nazifungua zilizoungua nazipiga waya upya, na usiku naandika hadithi ya chuo cha uchawi kilichofichwa Mji wa Kale, uchawi wenyewe wote ni sumaku, hakuna fimbo wala majini. Mamangu neno uchawi halitaki kulisikia nyumbani kwake kwa hivyo wanafunzi nawaita wavutaji, na naona limekaa vizuri zaidi.

Shida ni huyu binti, Mwanakombo. Kila mvutaji siku ya kwanza anapewa madini yake, kuna wa chuma, kuna wa nikeli, kuna wa kobalti, hao sumaku inawavuta kweli. Yeye kaangukiwa na shaba. Ukiweka sumaku juu ya shaba hainasi, ni kama umeiweka juu ya ubao. Sasa walimu wamemtupa nyuma ya darasa, mtihani umefika na mimi sijui apite vipi, manake toka mwanzo nilijiapiza sumaku ya hadithi yangu haitafanya kitu ambacho sumaku ya kweli haiwezi. Hiyo sheria naipenda kuliko kitu chochote humo ndani.

Saa kumi na mbili na nusu niko feri ya Likoni, tumebanana, baiskeli ya mtu mbavuni. Nikiangalia maji nafikiria mitepe ya zamani, vile vyombo vilishonwa kwa kamba za usumba bila msumari hata mmoja. Mabaharia wa kale walikuwa na hekaya ya mlima wa sumaku baharini, chombo kikipita karibu misumari inang'oka yenyewe mbao zinatawanyika. Basi wavutaji wangu wanasafiri kwa mtepe, lazima, watoto arobaini wenye nguvu hizo ukiwapakia kwenye chombo cha misumari hamfiki. Na chuo chao ni mawe ya matumbawe na boriti za mikoko, mlango una njumu za brasi ambazo hakuna mtoto atazing'oa akikasirika.

Saa mbili mahamri na mbaazi, kazi ikaanza. Kuna mota ya pampu imeletwa jana, ya fezi tatu, imeungua mpaka vanishi inanuka toka mlangoni. Kijana wangu anakata koili za zamani, mimi nahesabu raundi za waya naandika kwenye daftari, ukikosea hesabu hapo mota itaguna na kuchemka mpaka iungue tena. Watu hawajui lakini hii kazi ni sumaku tupu. Waya wa shaba ukipitisha stima, yaani umeme, unakuwa sumaku, ukizipanga koili vizuri ile sumaku inazunguka ndani ya stata, ile sehemu ya mota isiyozunguka, na rota, ile inayozunguka, inaifuata bila kuguswa. Koili zikipangwa za poli nne, yaani ncha nne za sumaku, kwa stima yetu ya hezi 50, sumaku inazunguka mara 1500 kwa dakika. Miaka yote naliona hilo na bado nikiwasha mota mpya nasimama kidogo nitazame.

Saa tano ndio mambo. Jirani yangu fundi wa friji alikuwa ameacha kipande cha paipu ya kopa, yaani shaba, kama mita hivi, na mimi nina visumaku vya duara nimetoa kwenye vifungo vya mikoba mibovu. Nikashikanisha vitatu, nikasimamisha paipu, nikaachia. Havikutoka. Nikahesabu moja, mbili, tatu, ndio vikadondoka polepole kiganjani. Kijana akasema fundi vimekwama humo, rudia. Nikatia kwanza nati ya chuma, ikapita kufumba na kufumbua, nikarudia visumaku, vikashuka taratibu vilevile. Akachungulia ndani ya paipu kwa jicho moja, hakuna kitu, safi.

Hili nilishawahi kulisoma lakini kusoma si kuona. Sumaku ikitembea karibu na shaba inazalisha stima ndani ya shaba, Faraday, mwanasayansi wa Uingereza, aliligundua mwaka 1831, na ile stima inazaa sumaku yake inayopinga ule mwendo. Sumaku ikisimama, hakuna kitu. Nikaiweka paipu chini, mikono inatetemeka wallahi. Walimu wangu walikuwa wakimpima Mwanakombo na sumaku iliyotulia!

Mchana nimekula viazi karai kwa haraka nikaandika kidogo, kile kipande cha mtoto anayetafuna kitunguu saumu ili afeli makusudi. Zamani watu waliamini kitunguu saumu kinaua nguvu ya sumaku, William Gilbert, daktari wa Uingereza, akalikataa hilo kwenye kitabu chake cha mwaka 1600, kitabu hichohicho alichosema dunia yenyewe ni sumaku kubwa. Fort Jesus, ngome ya hapa Mombasa, Wareno walikuwa wameanza kuijenga 1593, nikiipita pale huwa nazihesabu hizo tarehe kichwani.

Saa kumi mwenye pampu kaja, bi mkubwa mmoja mpole, tukaiwasha, ikaimba. Akaniombea dua akaenda zake.

Saa tatu usiku, nimeshaoga, nimekaa barazani. Mtihani: mwalimu anaachia jiwe la sumaku toka juu ya mnara, chini kuna bilauri ya kioo, mwanafunzi aizuie isivunjike bila kuigusa. Wa chuma wanalivuta, linakuja kwa kasi zaidi, bilauri tatu zishapasuka. Mwanakombo anaifunga mikono yake duara juu ya bilauri, kama ile paipu ya shaba. Jiwe likaingia kwenye ile duara likapunguza mwendo kama linashuka kwenye asali, likatua mdomoni mwa bilauri bila hata kulia.

Saa tano na dakika kumi, chaji asilimia nne. Mwalimu bado hajafungua mdomo, hiyo ni ya kesho kwenye feri.